Je, Malkia Victoria alimzawadia Kaiser Mlima Kilimanjaro? Jibu kwa mwalimu wa chemsha bongo

Swali: Naandaa chemsha bongo ya shule za sekondari za kata yetu, hapa mkoani Kilimanjaro. Nina maswali matano ya "je, wajua?" ambayo nimeyasikia tangu utotoni. La kwanza, Malkia Victoria alimpa mjukuu wake, Kaiser wa Ujerumani, Mlima Kilimanjaro kama zawadi ya siku ya kuzaliwa, na ndiyo maana mpaka wa Kenya na Tanzania umepinda. La pili, vita vifupi kuliko vyote duniani vilipiganwa Zanzibar kwa dakika 38. La tatu, Ahmad ibn Majid ndiye aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi hadi India. La nne, Zheng He alichukua twiga Malindi mwaka 1414 akampelekea mfalme wa China. La tano, samaki aitwaye silikanti hajabadilika kwa miaka milioni 400. Mwalimu mwenzangu analipinga lile la kwanza, na sasa nimeanza kuyatilia shaka yote. Yapi niyaache, yapi niyatoe? Na kama unalo moja la kuziba pengo, nisaidie.

Jibu: Mwalimu, mwenzako yuko sahihi. Lile la Kilimanjaro litoe kabisa. La Ibn Majid nalo litoe, ingawa najua litakuuma. Hayo matatu mengine yana ukweli ndani yake, ila kila moja limekaa vibaya kidogo, na mwanafunzi aliyesoma anaweza kukusimamisha mbele ya wenzake akawa na haki.

Tuanze na mlima, kwa kuwa mnaishi chini yake.

Hadithi ya zawadi inavunjwa na tarehe peke yake. Mpaka ule ulikubaliwa kati ya Uingereza na Ujerumani mwishoni mwa mwaka 1886. Mwaka huo Kaiser wa Ujerumani alikuwa Wilhelm wa Kwanza, mzee wa miaka 89, ambaye hakuwa mjukuu wa Victoria hata kidogo. Mjukuu wake ni Wilhelm wa Pili, aliyezaliwa Januari 1859. Mwaka 1886 alikuwa bado mwanamfalme tu, bila mamlaka ya kupokea nchi ya mtu. Alishika kiti Juni 1888, baada ya babu yake kufariki na baba yake kutawala siku 99 tu. Kwa hiyo wakati mstari unachorwa, huyo "Kaiser mjukuu" hakuwepo kwenye kiti.

Sasa kwa nini umepinda? Hapa ndipo penye utamu wa kweli, na ningependa wanafunzi wako waupate. Miaka ile mlima wenu ulikuwa unagombewa na watu watatu kwa mpigo. Mwaka 1884 Mwingereza Harry Johnston alikaa mlimani na kupata mikataba ya upande wa Taveta. Mwaka 1885 Sultani Barghash wa Zanzibar alimtuma Jenerali Lloyd Mathews, na machifu wa Uchagani na Taita wakakubali bendera ya Sultani. Wiki chache baadaye akafika Karl Jühlke, mtu wa kampuni ya Carl Peters, na Mangi Rindi wa Moshi, ambaye Wazungu walimwita Mandara, akaweka mkataba na Wajerumani pia. Watu wengi humsoma Rindi kama mtu aliyedanganywa. Mimi namwona kama mtawala aliyezungukwa na mahasimu wa karibu, Kibosho na wengineo, ambaye kila mgeni mwenye bunduki kwake alikuwa ni fursa ya kupata nguvu dhidi yao. Alipokea bendera kama alivyopokea wageni.

Ndipo mwaka 1886 wakubwa wakagawana, na mkataba wao unaeleza mstari kwa maneno, hatua kwa hatua. Unaanza mdomoni mwa Mto Umba, karibu na Vanga, unakwenda moja kwa moja hadi Ziwa Jipe, unapita pembeni mwa ziwa, unavuka Mto Lumi, unapita katikati ya nchi ya Taveta na nchi ya Wachaga, unazunguka kaskazini mwa mlima, kisha unanyooka tena hadi ufukwe wa mashariki wa Ziwa Victoria, kwenye nyuzi 1 kusini mwa Ikweta. Usome vizuri utaona kila upande umepata alichokuja kukitafuta. Taveta, alikokuwa Johnston, ikabaki kwa Waingereza. Uchagani, alikosaini Jühlke, ikaenda kwa Wajerumani. Bandari ya Mombasa ikabaki kaskazini mwa mstari. Aliyepoteza ni Barghash, ambaye bara yote aliyokuwa akiidai iligawanywa mbele ya macho yake akaachiwa ukanda wa pwani wa maili kumi na visiwa vyake. Na Mangi Rindi hakuulizwa.

Naikataa hadithi ya zawadi kwa sababu hiyo pia, mbali na tarehe. Inaugeuza ugawaji wa nchi za watu kuwa mapenzi ya bibi kwa mjukuu, na inawafuta kabisa Wachaga, Wataveta na Sultani, watu ambao saini zao na bendera zao ndizo zilizotumika kama hoja mezani.

Ukitaka kubakiza neno "zawadi" kwenye swali lako, ipo zawadi ya kweli. Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walipofika kileleni tarehe 6 Oktoba 1889, Meyer aliokota jiwe. Akalipeleka Ujerumani na kumkabidhi Kaiser Wilhelm wa Pili, ambaye safari hii kweli alikuwa Kaiser, na likawekwa kwenye jumba lake la Neues Palais huko Potsdam. Kilele chenyewe Meyer alikiita kwa jina la Kaiser, jina lililodumu kwenye ramani hadi mlima ulipopata Kilele cha Uhuru. Basi uliza hivi: "Ni kitu gani kutoka kilele cha Kilimanjaro alichopewa Kaiser Wilhelm wa Pili baada ya safari ya Hans Meyer ya 1889?" Jibu ni jiwe. Mwanafunzi atakayejibu "mlima mzima" utakuwa umepata nafasi ya kumweleza yote haya.

Vita vya Zanzibar viache, lakini urekebishe dakika. Tarehe 25 Agosti 1896 Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki ghafla. Khalid bin Barghash, mtoto wa yule Barghash wa hapo juu, akaingia kasri na kujitangaza Sultani. Waingereza walishikilia kwamba kwa makubaliano ya mwaka 1890, hakuna anayekalia kiti bila idhini ya konseli wao, yaani balozi wao mdogo, na wao walimtaka Hamoud bin Mohammed. Khalid akapewa muda wa kutoka hadi saa 3:00 asubuhi ya tarehe 27. Hakutoka. Saa 3:02 meli za kivita chini ya Admirali Harry Rawson zikaanza kupiga mizinga, na kufikia kama saa 3:40 ilikuwa imekwisha.

Kutoka 3:02 hadi 3:40 ni dakika 38, ndiko namba yako inakotoka. Lakini wapo wanaohesabu kuanzia saa 3:00 kamili, muda wa onyo ulipokwisha, wakapata 40, na wapo wanaofika 45. Swali likidai namba moja kamili, timu mbili zitagombana na zote zitakuwa na kitabu cha kuonyesha. Andika "chini ya saa moja", au uliza mwaka na mji, ambavyo havina ubishi.

Tena nakuomba, Mwalimu, usiliache swali hili liwe la kuchekesha. Namna linavyozunguka mitandaoni, watu hucheka kwamba vita viliisha kabla chai haijapoa. Ndani ya muda huo, upande wa kasri walikufa au kujeruhiwa watu wapatao 500, wengi wao walinzi, watumishi na watu wa kawaida waliojaa kwenye majengo ya mbao yaliyoshika moto. Upande wa Waingereza alijeruhiwa vibaya baharia mmoja. Meli ya Sultani, Glasgow, ilijibu mizinga ikazamishwa pale pale bandarini, na milingoti yake ilibaki ikichomoza majini kwa miaka mingi, wenyeji na wageni wakiiona kila wanapopita. Beit al-Ajaib, lililokuwa jirani, lilisalimika siku ile. Wanafunzi wako watalikumbuka jina hilo kwa habari nyingine: sehemu yake kubwa iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020.

Kama timu zitafungana alama, hapa pana swali gumu la kuwatenganisha. Khalid alikimbilia konseli ya Wajerumani, yaani jengo la ubalozi wao mdogo. Waingereza wakazingira nje wakisubiri akanyage ardhi ya Zanzibar wamkamate. Tarehe 2 Oktoba, maji yalipojaa, Wajerumani wakaleta boti hadi kwenye ukingo wa jengo lao, akapanda moja kwa moja kutoka konseli kwenda kwenye meli ya kivita Seeadler, bila kugusa ardhi ya mtu mwingine. Akaishi Dar es Salaam hadi Waingereza walipomkamata mwaka 1916 katika Vita Kuu ya Kwanza. Akapelekwa uhamishoni, Ushelisheli na St Helena, kisha akaruhusiwa kurudi Afrika Mashariki, na alifariki Mombasa mwaka 1927. Uliza: "Khalid bin Barghash alitorokaje Zanzibar bila kukanyaga ardhi yake?" Swali la namna hiyo lina jibu moja, na halikariri mtu namba.

La Ibn Majid naelewa kwa nini watu hawataki kuliachia. Ni jina kubwa kweli. Alikuwa mwanamaji wa Julfar, eneo ambalo leo ni Ras al Khaimah, na karibu na mwaka 1490 alikamilisha kitabu cha elimu ya bahari, *Kitab al-Fawa'id*, chenye nyota, pepo za msimu, bandari na vipimo, ambacho mtu wa jahazi hata leo angekifuata. Aliitunga pia njia ya pwani yetu hadi Sofala kwa mashairi, ili nahodha aihifadhi kichwani.

Tatizo ni kwamba madai ya yeye kumwongoza Vasco da Gama yanatoka kwa mwanahistoria wa Makka, al-Nahrawali, aliyeandika miongo mingi baadaye. Wareno waliokuwepo, na waandishi wao waliofuata, hawamtaji kwa jina. João de Barros anamwita rubani huyo Malemo Cana na kusema alikuwa Mwislamu wa Gujarati. Watafiti wengi wa maandishi ya Ibn Majid wameyapitia na kuona kwamba yeye mwenyewe, ambaye aliandika juu ya Wareno, hajisemi popote kuwa aliwaongoza. Wakati huo alikuwa mtu mzima sana, na hakuna kinachomweka Malindi mwezi Aprili 1498.

Kinachojulikana kwa hakika kinatosha kuwa swali. Da Gama alizozana na Mombasa, akapokewa vizuri Malindi, mfalme wa Malindi akampa rubani anayeijua njia, wakang'oa nanga tarehe 24 Aprili 1498 na kufika karibu na Calicut chini ya mwezi mmoja baadaye. Njia ile ilikuwa ikijulikana kwa karne nyingi na mabaharia wa Gujarati, Waarabu na Waswahili waliokwenda na kurudi na pepo za kusi na kaskazi. Da Gama hakuigundua, alipelekwa. Uliza ni mji gani wa pwani uliompa rubani. Jibu, Malindi, halina mpinzani.

Twiga naye hahitaji marekebisho makubwa. Twiga wa mwaka 1414 aliyefika kwa mfalme Yongle hakuletwa na Zheng He kutoka Malindi, aliletwa na wajumbe wa mfalme wa Bengal. Twiga hawaishi Bengal, kwa hiyo yule alikuwa ameshavuka bahari mara moja. Mchoro maarufu wenye utenzi wa Shen Du ni wa twiga huyo. Mwaka uliofuata, 1415, wajumbe wa Malindi wenyewe wakaleta twiga wao. Watu wa jumba la mfalme walimlinganisha na qilin, mnyama wa hekaya ambaye kuonekana kwake ni ishara ya utawala wa haki. Hivyo mfalme aliyenyang'anya kiti cha mpwa wake, kama alivyofanya Yongle mwaka 1402, alikuwa na kila sababu ya kumfurahia mnyama huyo. Zheng He anaingia baadaye: katika safari yake ya tano, 1417 hadi 1419, merikebu zake zilifika pwani yetu pamoja na wajumbe waliokuwa wakirudishwa kwao. Swali lako liandike "1415" na "wajumbe wa Malindi" badala ya "Zheng He". Na kwa faida ya wanaobisha kwamba ni hadithi tu, sarafu za enzi ya Yongle zimefukuliwa Mambrui karibu na Malindi, na nyingine kisiwani Manda mwaka 2013.

Sasa silikanti, ambaye nampenda kuliko yote uliyoyataja.

Sehemu ya "hajabadilika kwa miaka milioni 400" ifute. Kilicho na umri huo ni ukoo. Samaki wa kundi la silikanti wamo kwenye visukuku vya zamani kiasi hicho, wakubwa kwa wadogo, wa maji chumvi na wa maji baridi, na wengi wao hawafanani na huyu tuliye naye. Spishi zilizo hai leo hazijapatikana kwenye mawe ya kale namna hiyo. Wanasayansi walidhani kundi zima lilitoweka pamoja na dainosaria, miaka milioni 66 iliyopita, kwa kuwa visukuku vilikoma hapo. Kisha Desemba 1938 nahodha Hendrik Goosen akamnasa mmoja karibu na mdomo wa Mto Chalumna, Afrika Kusini, na Marjorie Courtenay-Latimer, aliyekuwa akiendesha jumba dogo la makumbusho la East London, akamtambua kuwa si samaki wa kawaida. Profesa J.L.B. Smith akampa jina *Latimeria chalumnae*, la dada huyo na la mto.

Ikachukua miaka 14 kumpata wa pili. Smith alisambaza vipeperushi vyenye picha na zawadi ya pauni 100, na Desemba 1952 mvuvi Ahamadi Abdallah wa kisiwa cha Nzwani, Komoro, akamvua. Wakomoro hawakushangaa. Walikuwa na jina lake, gombessa, na walimjua kama samaki wa kilindini mwenye mafuta mengi ambaye hafai sana kuliwa. Sayansi ilikuwa ikimtafuta mnyama ambaye wavuvi walimtupa pembeni mwa ngalawa.

Na hapa kwetu? Kenya alinaswa Malindi mwaka 2001. Tanzania alipatikana mara ya kwanza mwaka 2003 huko Songo Mnara, Kilwa, kisha wakaanza kuletwa kwa wingi Kigombe, Tanga, wakiwa wamenaswa kwenye majarife ya papa yaliyotegwa kilindini. Ndiyo maana mwaka 2009 ilitangazwa Hifadhi ya Bahari ya Silikanti Tanga. Sababu ya kumlinda ikawa nzito zaidi mwaka 2021, watafiti wa Ufaransa waliposoma magamba yake na kukadiria kwamba anaweza kuishi karibu miaka 100, na kwamba jike hubeba mimba kama miaka mitano kabla ya kuzaa watoto hai. Samaki anayezaa polepole hivyo, jarife moja la papa likinasa majike wawili watatu, ni pigo la miaka mingi. Swali langu lingekuwa: "Mkoa gani wa Tanzania una hifadhi ya bahari iliyopewa jina la silikanti?" Watoto wa Moshi wana safari ya nusu siku tu kufika huko.

Pengo la kuziba unalo moja, kwa kuwa Ibn Majid ameondoka. Chukua MV Liemba. Iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913 kwa jina la Graf von Götzen, ikafunguliwa vipande vipande, ikapakiwa kwenye maelfu ya masanduku, ikaja kwa bahari hadi Dar es Salaam na kwa reli ya kati kuelekea Kigoma, ikaunganishwa upya na kuingizwa Ziwa Tanganyika mwaka 1915. Julai 1916 Wajerumani walipoona wanazidiwa, mafundi waliipaka mitambo grisi nene kisha wakaizamisha wenyewe. Waingereza wakaiinua mwaka 1924, wakakuta mitambo inafaa, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba. Swali ni: "Kwa nini mafundi Wajerumani walipaka grisi mitambo ya meli waliyokuwa wakiizamisha?" Atakayejibu kwamba walitumaini kurudi kuichukua, mpe alama zote.

Na ukitaka moja la habari za karibuni, weka tarehe ndani ya swali lenyewe. Usiulize nani anashikilia rekodi ya dunia ya marathoni, kwa sababu jibu linaweza kubadilika Jumapili yoyote. Uliza nani alikimbia Chicago kwa saa 2 na sekunde 35 tarehe 8 Oktoba 2023. Ni Kelvin Kiptum wa Kenya, aliyefariki ajalini Februari 2024 akiwa na miaka 24. Wengi watajibu Kipchoge, wakikumbuka Vienna mwaka 2019, alipokimbia kwa saa 1:59:40. Mbio zile hazikuhesabiwa kuwa rekodi, kwa sababu hayakuwa mashindano ya wazi na waongoza kasi walikuwa wakipokezana njiani. Andaa maelezo hayo kwenye karatasi ya mwamuzi mapema, maana pingamizi litakuja.